Mlango wa Chombo cha Mwezini

Nachingwea, karakanani
Jumapili, saa kumi jioni

Kwako Somoe, binti yangu,

Barua za watu huanza kwa kuulizana hali. Hali yako naijua, maana uko hapo uani, hatua ishirini kutoka nilipokaa, unabishana na mama yako kama ndoo ya bati iende au ibaki. Ibaki. Nimeitengeneza mwenyewe na ni ndoo ya kujivunia, lakini hata huko Iringa uendako kusoma kuna mafundi, nao wapate kula.

Habari za kufua, kula na kuvaa sweta sitaandika. Mama yako ameshakupa maagizo ya kuwatosha wanafunzi watatu. Mimi nina jambo moja ambalo sijawahi kukutamkia, na kwa kuwa mdomo wangu ndio ulioleta balaa, safari hii nimeona nitumie kalamu. Ni habari ya ule mlango. Najua unaikumbuka, lakini unaikumbuka ulivyoiona wewe. Kesho nataka usafiri ukijua na mimi niliionaje.

Nianzie Kiegei, nilikozaliwa. Nilimaliza darasa la saba, majina ya sekondari yakatoka, langu halikuwemo. Nililia siku mbili, siku ya tatu nikapelekwa hapa Nachingwea kwa mjomba kujifunza bati. Siku moja mjomba alinituma misumari, dukani nikapewa imefungwa kwenye ukurasa wa gazeti la Warusi lililochapwa kwa Kiswahili. Kwenye ukurasa ule palikuwa na picha ya kobe wawili. Maelezo yalisema kobe hao walitiwa ndani ya chombo, wakarushwa, wakauzunguka mwezi, wakarudi na kuangukia Bahari ya Hindi. Walikonda kidogo tu, na hamu ya kula walikuwa nayo ile ile.

Somoe, niliusoma ukurasa ule mpaka ukachanika. Kwetu Kiegei kobe alikuwa mdudu wa kugeuzwa chali akionekana kwenye kunde. Leo kobe ameuzunguka mwezi, na mimi binadamu mwenye miguu mirefu sijafika hata Lindi! Nilicheka, kisha nikaona wivu kweli kweli. Tangu hapo kila mteja aliyekuja kuziba sufuria aliondoka na habari ya kobe, atake asitake. Wewe uliipata tangu unanyonya.

Ulipokuwa kidato cha pili, Mwalimu Rashidi wa fizikia alileta beseni lake linavuja. Nikampa habari ya kobe kama kawaida. Akasikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Fundi, wewe unayo nusu. Chombo kile hakikutengenezwa kwa ajili ya kobe. Kilikuwa cha watu wawili."

"Watu?"

"Watu wawili wauzunguke mwezi bila kutua, warudi. Kobe walitangulia kujaribu. Sasa mitambo ikawa inasumbua, safari hii chombo kinarudi vizuri, safari ile kinaharibikia njiani. Wamarekani wakawahi na chombo chao kingine, watu watatu ndani, mwaka ule ule wa kobe. Basi cha Warusi hakikupandwa na mtu hata siku moja. Wakubwa wao wakaficha miaka mingi, wakisema wao hawakuwa na nia ya kupeleka watu. Ni juzi juzi tu ukweli umetoka."

Nikamuuliza, "Na viti je?"

"Vilipangwa viwili, fundi."

Viti vile vilinisumbua kuliko kobe. Nilikuwa nalehemu beseni huku nawaza nafasi mbili zilizotengenezwa kwa akili na jasho la watu, halafu asizikalie mtu. Huenda nilikuwa nawaza ile nafasi yangu ya sekondari. Sijui.

Ndipo ulipokuja na habari ya maonyesho ya sayansi kule Ruangwa. Uliniomba kitu kidogo, chombo cha mwezini cha kushika mkononi, nawe ueleze kinavyokwenda na kurudi. Mimi nikasema kwa nini kidogo, sisi tutafanya cha ukubwa wake! Mwalimu Rashidi akatuandikia vipimo. Umbo la kengele, upana mita mbili na ushee, urefu kumpita mtu mzima. Kwa viti nilikwenda kwenye matrekta mabovu yaliyobaki tangu enzi za mradi wa karanga wa Waingereza, nikafungua viti viwili vya chuma. Wiki tatu tulifanya kazi pamoja, wewe ukishika bati na mimi nikigonga ribiti za kuliunganisha. Sijui kama nimewahi kuwa na furaha kama ile.

Sasa wewe unajua kazi yangu ni nini hasa. Ni mapipa ya nafaka. Kutoka hapa mpaka Likunja watu wananijua kwa mapipa. Pipa zuri lina tundu dogo juu la kumiminia mahindi na kimlango chini cha kupitisha kibaba, basi, maana ukiacha uwazi mkubwa unawakaribisha panya na dumuzi. Miaka yote mikono yangu imezoea kuziba. Na chombo cha mwezini nikakiziba hivyo hivyo. Nilifunga viti ndani, nikazungusha bati, nikaribiti, nikalehemu, nikatia tundu juu na kimlango chini. Nikaweka na kioo kidogo ubavuni, mtu achungulie viti. Nikarudi nyuma kukitazama. Hata dumuzi hapiti!

Ukakizunguka. Kisha ukauliza kwa adabu kabisa, "Baba, watu wataingilia wapi?"

Nikuambie leo ambalo hukulijua. Nilijua papo hapo kwamba nimekosea. Haikupita hata nukta. Lakini palikuwa na wateja wawili wamekaa kwenye benchi, na katika ufundi wetu pipa likishalehemiwa halifunguliwi mbele ya mteja. Fundi wa bati hakosei. Kitu kikivuja, ni mteja hakujua kukitumia.

"Umeanza lini kunifundisha bati?" nikakuuliza.

"Sikufundishi, Baba. Nauliza tu."

"Toka karakanani kwangu."

Ukatoka. Wale wateja wakanisifu kwamba watoto wa siku hizi lazima wabanwe. Nami nikapokea sifa zile, Mungu anisamehe. Ukitaka kujua kilichonipandisha hasira, haikuwa adabu yako. Niliogopa. Uliona kwa kutazama mara moja kitu ambacho mimi sikukiona wiki tatu, nikajua siku ya wewe kunipita imefika, na sikuwa nimejiandaa.

Tukaenda Ruangwa na chombo kimefungwa kwa kamba kwenye tela la trekta. Njia nzima watu walitushangilia, na mimi nikawa napunga mkono kama mbunge. Uwanjani watu wakajaa kwetu kuliko meza zote. Bibi yako mzaa mama naye alikuwa amefika kutoka Likunja na kifurushi chake cha korosho za kuchoma. Akakizunguka chombo mara mbili akikigonga kwa fimbo.

"Hii nyumba ya nani?"

"Ya watu wa kwenda mwezini, mama."

"Haya. Na hao watu wanaingia kwa kupita wapi? Hapa?" Akatia kidole kwenye kimlango cha kibaba. "Au wewe unawamimina kwa juu kama mtama?"

Uwanja mzima ukacheka. Masikio yakaniwaka moto. Nikasema kwa sauti kubwa, "Hiki ni cha kobe, mama! Hiki hakikuwa cha watu!"

Yule mama mwenye miwani, mmoja wa waamuzi, alikuwa amefika na daftari lake. Hakunijibu mimi. Alikugeukia wewe. "Binti, chombo hiki kilikusudiwa kumbeba nani?"

Ukanitazama. Ulikuwa na jibu, ulikuwa na maelezo ya kurasa nne uliyoyakariri mpaka mama yako akayajua. Nami badala ya kukutikisia kichwa, nikajifanya nakagua ribiti.

"Kobe, mama," ukasema.

Akaandika, akaenda meza nyingine. Hatukutajwa kwenye matokeo, hata ya kupongezwa.

Ulinisitiri, Somoe. Kumsitiri mzazi ni jambo jema, dini zote zinasema hivyo. Lakini hakuna dini inayomruhusu mzazi kusimama pale akisubiri mtoto alipe kwa ajili ya aibu yake. Niliona aibu siku ile na naiona hata sasa ninapoandika. Wale wakubwa waliosema hawakuwa na nia ya kupeleka watu, mimi nilikuwa mwenzao, ila wao walikuwa na roketi na mimi nilikuwa na patasi.

Kidato cha tatu kikaanza, mkaambiwa mchague masomo. Mwalimu Rashidi akanijia hana beseni wala sufuria. "Fundi, mwanao ameacha fizikia. Amejiandikisha sanaa."

Nikakuuliza jioni ile ile. Ulikuwa unapeta mchele, hukunyanyua macho. Ukasema, "Fizikia ya nini, Baba, kama jibu ukilijua huwezi kulisema?"

Mama yako alisubiri uingie jikoni, akanigeukia. "Pipa lako limekaa uani kama kaburi la chifu. Ama ulifungue, ama uliuze chuma chakavu. Mimi nimechoka kulipitia na mtoto wangu amenuna."

Nikamfuata Mwalimu Rashidi, nikamuuliza jambo moja tu. Wale Warusi, kama chombo chao kiliwahi kwenda na kurudi, kwa nini hawakupandisha watu? Akasema marubani wenyewe walitaka, waliomba wapande hivyo hivyo na kasoro zake. Waliokitengeneza ndio waliokuwa na mashaka, kwa sababu walijua kinapovuja. Wakasema bado. Mbio wakashindwa, lakini hakuna rubani aliyekufa ndani ya chombo kile.

Nilirudi nyumbani nikiwaza mtu anayeweza kusimama mbele ya wakubwa wa nchi yake, dunia nzima inatazama, akasema kazi yangu bado haifai kukaliwa na mtu. Mimi nilishindwa kusema hivyo mbele ya wateja wawili wenye sufuria.

Jumamosi, soko limejaa, nikakisukuma chombo mpaka mbele ya karakana, kando ya barabara kabisa. Nikachukua patasi na nyundo. Pigo la kwanza watu wakageuka. Muuza mitumba wa jirani, mtani wangu yule asiyejua kunong'ona, akapaza sauti, "Fundi, mbona unaharibu kazi?"

"Sikuiharibu leo," nikamjibu. "Niliiharibu mwaka jana. Binti yangu akaniambia, nikamfukuza."

"Jamani, fungeni maturubai! Leo itanyesha mvua ya mawe, fundi amekiri kosa!"

Wakacheka, na mimi nikaendelea kugonga. Jasho lilinitoka, Somoe, na kusema kweli si jasho tu. Nikamaliza kukata, nikatoa kipande cha bati, na nilipoinua kichwa nikakuona umesimama na kikapu cha sokoni. Sijui ulikuwa umefika saa ngapi. Ukausogelea ule uwazi, ukainama, ukapima kwa mabega yako.

"Ni mdogo," ukasema.

"Nini?"

"Mlango. Hapa atapita mtoto wa darasa la pili."

Watu wakapiga makofi kwa kicheko. Zamani ningerusha nyundo. Ukanyoosha mkono, ukaichukua chaki yangu sikioni bila kuomba, ukachora mstari mpya, mrefu, umepinda vizuri kwenye pembe. Nami nikakata kwenye mstari wako. Tangu nianze ufundi sijawahi kukata bati kwenye mstari wa mtu mwingine, hata wa mjomba. Ule mstari ulikuwa sahihi, na Jumatatu ukaenda kwa Mwalimu Rashidi kuomba urudishwe fizikia.

Ya maonyesho ya mwaka ule ule unayajua, lakini niache niyaseme, maana nayasema kila wiki na sijachoka. Ruangwa ile ile, uwanja ule ule, yule mama mwenye miwani na daftari jipya. Ukasimama mbele ya chombo na sare yako umeipiga pasi, ukaanza hivi: "Shikamooni. Mwaka jana niliulizwa hapa chombo hiki kilikusudiwa kumbeba nani, nikasema kobe. Nilijua si kweli. Kilikuwa cha watu wawili, na leo nimekuja kueleza vizuri." Bibi yako akaita kutoka nyuma, "Sema, mke mwenzangu!"

Ukasema! Ukaeleza jinsi mwezi wenyewe unavyokivuta chombo na kukigeuza kirudi nyumbani bila injini kuhangaika. Ukaeleza kinavyorudi kwa kasi ya ajabu mpaka hewa inakuwa moto, na ganda lake la nje linaungua kidogo kidogo na kuondoka na joto. Ukachukua korosho za Bibi, safari hii mbichi na maganda yake, ukachoma moja pale pale juu ya jiko, mafuta yakaruka, ganda likawaka likawa jeusi, ukalipasua. Mbegu nyeupe kabisa. "Ganda linakubali kuungua," ukasema, "aliye ndani apone." Watu wa kwetu wamechoma korosho tangu mababu, Somoe, na siku ile niliwaona wakiitazama kama hawajapata kuiona.

Yule mama mwenye miwani akauliza nani atakaa kiti cha pili. Kabla hujajibu, Bibi alikuwa ameshamkabidhi mtu fimbo. Mwanamke aliyeishi umri wake wote kati ya Likunja na Nachingwea akainama, akapita kwenye mlango ule bila hata kugusa kingo, akakaa. Ukakaa kando yake. Mkafunga mlango, maana nilikuwa nimeutia bawaba. Kwa kioo nikawaona mmekaa bega kwa bega, viti viwili, watu wawili. Nililia mbele ya Ruangwa nzima na sikujali nani ananiona.

Mlipotoka wakamuuliza, "Bibi, umeona nini nyuma ya mwezi?"

"Giza," akasema. "Na huyu anaongea hata hapumui."

Vigelegele vikapigwa mpaka mwamuzi akafunga daftari lake. Mkawa wa kwanza. Vitabu mlivyopewa najua umevipanga chini kabisa ya sanduku, na mama yako analalamika uzito. Lakini mimi ushindi wangu sikuupata kwenye vitabu. Niliupata uliposema, "Nilijua si kweli." Msichana wa miaka kumi na sita, mbele ya umati, na sauti haikutetemeka.

Na wiki ile majina ya kidato cha tano yalipobandikwa, nilikwenda mwenyewe kusoma. Fizikia, Kemia, Hisabati, na mbele yake jina lako. Nikalisoma kwa sauti. Karani akaniambia, mzee, hapa si msikitini. Nikalisoma tena.

Chombo chenyewe unajua kipo shuleni, chini ya paa la makuti. Watoto wanakipanda wawili wawili, na viti vile vya trekta sasa vinang'aa kwa kukaliwa.

Basi, Somoe. Huko uendako utakutana na watu wengi kama mimi. Watu wazima, wanaoheshimiwa, wanaojua kazi yao kweli, na wamesahau mlango. Sina dawa ya kukupa. Wengine watakufukuza kama nilivyokufukuza. Na siku nyingine utakayesahau mlango ni wewe, mbele ya watu, na utatamani kukagua ribiti. Siku hiyo ikifika, mimi sitakucheka, maana naijua ilivyo. Ila usimdanganyie mtu kwa kumpenda. Ulinipenda ukanidanganyia, na kidogo nikupoteze.

Stendi kesho nitasema maneno mengi, wewe unanijua, na mbele ya majirani nitaongeza chumvi. Nitasema wewe ndiye msichana wa kwanza Tanzania nzima. Ukiona nimezidisha, niambie pale pale, kwa sauti, kila mtu asikie.

Na barua hii usiitunze. Nimeandika habari za mwezi kwa kichwa cha darasa la saba. Sina hakika kama nimeeleza sawasawa mwezi unavyokigeuza chombo, na lile la ganda kuondoka na joto nimelisema kama nilivyokusikia. Lazima pana mahali nimekosea. Ukifika, tafuta kalamu nyekundu, ukate kila palipo na kosa, uandike lililo sahihi pembeni, kisha uirudishe kwa posta. Nitaitundika hapa karakanani, juu ya benchi la wateja, waisome wakisubiri sufuria zao. Wakiuliza nani ameichora barua ya fundi hivi, nitawaambia.

Baba yako,
Fundi Salumu